Dawa ya Mtu wa Redioni

Televisheni mimi niliiona nikiwa nimeshazaa mara nne. Kwa hiyo wajukuu wangu wanaponieleza habari za tamthilia zao, eti mambo mapya, nawatazama tu. Sisi Kasulu, miaka ya sabini, tulikuwa na tamthilia yetu, na hatukuhitaji kuiona. Ilitoka kwenye redio ya baba kila Jumapili alasiri, nayo ilimhusu mwanamume mmoja mwenye wasiwasi. Si ule wasiwasi wa mtoto kuchelewa kurudi kisimani, la. Huu ulikuwa wasiwasi wa kulala nao na kuamka nao, mtu anakaa kwake mlango umefungwa, hana deni wala kesi, na moyo unamwenda mbio kama anafukuzwa.

Baba yangu alikuwa nao huohuo.

Alikuwa fundi cherehani. Alizaliwa Ujiji, akapanda huku milimani kufuata biashara, akamkuta mama, hakurudi tena ziwani. Chumba cha mbele cha nyumba yetu ndicho kilikuwa kiwanda chake, cherehani dirishani na mimi kwenye mkeka nikitia vifungo, maana nilikuwa mtoto wake wa pekee na kazi niliijua. Mkono wake ulikuwa mzuri, hata waliomsema walikuwa wakimsema wamevaa nguo alizoshona yeye. Tabu ilikuwa kukata. Atakupima kifua, atakupima tena, utafika sokoni atume mtu akuite akupime mara ya tatu. Vitambaa vya watu vilikaa kwenye rafu miezi, vimekunjwa vizuri, havijaguswa, naye anavitazama mkasi mkononi.

Halafu kulikuwa na pasi. Tulitumia pasi ya mkaa, na jioni makaa humwagwa nje na kuzimwa kwa maji. "Nenda kaangalie kama yamezimika," ananiambia. Naenda, narudi, nasema yamezimika. "Umeyaona kwa macho yako?" Nimeyaona. Halafu, "Hebu nenda tena, mwanangu." Kuna siku nilikwenda mara saba, mvua inanyesha, na ya saba nikamwambia makaa gani yatawaka kwenye mvua hii, au ya Jahanamu? Mama alinizaba kofi. Nilistahili, lakini na mguu wangu ulikuwa umechoka.

Lililotuumiza zaidi ni Ijumaa. Miaka miwili baba alikuwa hajaswali msikitini. Anaoga, anavaa kanzu, anatoka, anafika duka la pili kutoka kwetu, anasimama. Anarudi amelowa jasho, na Kasulu si mahali pa kutoa jasho. Anasema amesahau kofia, na kofia iko kichwani. Tulijifanya kumsaidia kuitafuta. Watu wakasema ana jini. Wengine wakasema ni fundi mwenzake kamfunga. Alinyweshwa kombe la maji ya Kurani, akafungwa hirizi, akapelekwa hospitali, daktari akasikiliza kifua na kusema huu moyo ni mzima wa kufukuzia mbuzi. Baba alirudi na aibu mpya, kwa sababu sasa hata ugonjwa hakuwa nao.

Ndipo nikaposwa. Kijana wa watu alikuwa karani palepale mjini, kwao Ujiji, mpole, ana meno mazuri. Baba aliwapokea washenga vizuri kwa kuwa walikuwa watatu tu. Posa ikajibiwa, ikakubaliwa kwamba ndoa itafungwa baada ya mavuno ya maharage. Wageni walipoondoka, baba akasema bila kunitazama, "Siku ya ndoa baba yako mdogo atasimama badala yangu. Nitampa uwakala. Sheria inaruhusu."

Sheria inaruhusu, najua. Lakini mimi nilikuwa mtoto mmoja. Nilitaka kuozeshwa na baba yangu, kwa kinywa chake, mbele ya watu. Sikutaka aolewe mtoto wa fundi huku fundi mwenyewe kajifungia chumba cha pili kashika kingo za kitanda. Na mdomo wa mji tuliujua: wangesema hakuridhia, au binti kaharibika, baba kaona haya kusimama. Nilimwambia mama kwamba baba asiposimama sitoki ndani, wamuoe huyo baba mdogo. Mama akasema, "Mwanangu, usimpige aliyekwisha anguka." Hasira haikuniondoka.

Mchezo wa redio ulianza wiki hizohizo. Redio yetu ilikuwa moja kati ya chache mtaani, na baba aliiweka dirishani ili walio nje wasikie, kwa hiyo Jumapili uwanja wetu ulijaa: jirani Waislamu, Wakristo wanaotoka kanisani na nguo zao nzuri, wakulima walioleta mizigo sokoni. Mwanamume wa mchezo alikuwa mpangaji kwenye chumba kimoja huko mjini. Kila moyo wake ulipoanza mbio, walikuwa wanapiga ngoma ndogo, du-du, du-du, upesi upesi. Mara ya kwanza ngoma ile ilipolia, uwanja mzima ulicheka. Anafunga kufuli, anakwenda hatua kumi, ngoma inalia, anarudi kulitikisa. Watu wanashika mbavu.

Baba hakucheka. Alikuwa ameketi kwenye cherehani, kiganja kiko kifuani, anatazama mahali ambapo sauti inatokea. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka moto. Nilidhani kila anayecheka pale nje anamcheka yeye, naye nikajua anadhani hivyohivyo. Jumapili iliyofuata nilipendekeza redio ibaki ndani. Akasema, "Iweke dirishani. Nataka kusikia wanasemaje."

Na kweli alisikiliza watu kuliko alivyosikiliza redio. Kwa wiki mbili za mwanzo walicheka. Wiki ya tatu, mwanamume wa mchezo alishindwa kwenda kumzika kaka yake. Alifika njia panda, akasikia vilio, ngoma ikalia, akageuka. Halafu akakaa chumbani peke yake akamwomba marehemu radhi. Hapo nje hakucheka mtu. Mzee mmoja aliyekuwa amekalia gunia lake akasema taratibu, "Huyu ni mgonjwa jamani." Mama mmoja muuza ndizi akajibu, "Tena mgonjwa haswa, na hana mtu."

Kesho yake asubuhi, ukungu haujaondoka, mama yule muuza ndizi, Muha wa upande wa Rungwe Mpya, akatokea mlangoni kwetu na kifurushi cha mizizi kilichofungwa kwa majani ya mgomba. "Mwakeye," akatusalimu kwa lugha yake, kisha akahamia Kiswahili chake cha sokoni. "Nimeleta dawa ya yule mtu."

"Mtu gani?" mama akauliza, naye ameshaanza kukasirika, maana alidhani ni yaleyale ya kumletea mumewe mizizi bila kuombwa.

"Yule wa redioni. Anachemsha, anakunywa asubuhi, tena asinywe peke yake, akae na mtu. Babu yangu alikuwa na moyo wa namna hiyo. Fundi anajua kuandika, aipeleke posta."

Niliingia ndani nicheke. Nilijifunika khanga usoni, nikacheka mpaka machozi. Huyu mama anataka kumtumia dawa mtu ambaye hayupo! Nilitoka nikiwa nimejiandaa kumweleza kwamba huo ni mchezo, na yule ni mtu tu anasoma maneno kwenye karatasi, jioni anakwenda kwake kula wali. Nikamkuta baba amesimama, kifurushi kimo mikononi mwake, anauliza maswali. Kiasi gani cha maji? Ichemke kwa muda gani? Na huyo babu, ilimsaidia?

"Ego," akasema mama yule, ndiyo. "Hakupona wote. Ila alikuwa anakwenda shamba."

Alipoondoka nikasema, "Baba, si umwambie tu kwamba yule mtu hayupo?"

"Najua ni mchezo," baba akasema. "Si wewe peke yako uliyesoma shule. Lakini aliyeyaandika maneno yale anao wasiwasi huu. Lile la kutikisa kufuli unaweza kulibahatisha. Lile la kuogopa kulala kwa kuwa utaamka, hilo hulibahatishi." Akakinusa kile kifurushi. "Na huyu mama kaacha biashara yake, kapanda mlima na mizizi. Kwa ajili ya mtu wa namna hiyo." Akaketi. "Mimi nilidhani wanamcheka."

 Nilichukua vifungo vyangu nikakaa kwenye mkeka.

Barua aliiandika. Alinipa niipeleke posta na, nisamehewe, niliisoma njiani, bahasha ilikuwa bado haijagandishwa. Aliianza "Kwa Ndugu Mwenye Mchezo" na ilikuwa na kurasa tatu. Alimwelezea habari ya mizizi, namna ya kuichemsha, na kwamba angeituma ila anaogopa itaoza safarini. Halafu alimwandikia yale ambayo sisi nyumbani hatukuwahi kuambiwa. Kwamba ikimshika, anahisi kama paa la nyumba limeshuka. Kwamba anamtuma mwanawe kutazama makaa, anajua yamezimika, na anaona haya kila mara anapomtuma, lakini asipomtuma anaona nyumba inaungua na mtoto yumo ndani. Nilisimama barabarani nikasoma mstari ule mara mbili. Miaka yote nilidhani anaogopa nyumba.

Niliigandisha kwa mate, nikaituma. Majibu hayakuja, na wala hakuyangoja.

Zile dawa, kwa vile hazikwenda posta, mama alizichemsha. Baba akazinywa kila asubuhi, mama yule muuza ndizi akipita anakaa naye mpaka kikombe kinakwisha, wanazungumza bei ya ndizi. Kama ilimsaidia mizizi au zilimsaidia zile dakika za kukaa na mtu, mimi si mganga. Nilichoona ni kwamba alianza kukata vitambaa. Alikata suruali mbili wiki ile, kila moja kaipima mara nne, lakini alikata.

Halafu betri zikaadimika. Ilikuwa miaka ambayo leo sabuni hakuna, kesho chumvi hakuna, na sasa zamu ya betri. Za kwetu tulizianika juani, tukaziuma kwa meno, tukazianika tena, zikatoa sauti ya mtu aliyemo ndani ya mtungi, zikafa. Na mchezo ulikuwa umebakisha Jumapili moja. Watu walikuja uwanjani wakaikuta redio kimya, wakarudi makwao na huzuni kama waliokosa msiba wa ndugu.

Mama mdogo wangu alikuwa ameolewa Kibondo, na mumewe alikuwa na redio aliyoifunga kwenye betri ya gari. Hilo sote tulilijua, wala si mimi niliyelisema. Alhamisi baba akauliza, anaitazama sindano, "Lori la Kibondo linaondoka lini?"

Mama aliacha kupepeta mchele. "Jumamosi asubuhi," akasema, sauti ya kawaida kabisa, kama mtu aliyezoea kuulizwa habari za malori.

Nilikwenda naye. Tulikaa juu ya magunia, na sitasema ilikuwa safari nzuri. Tulipofika mlima wa kwanza, baba aligeuka rangi. Akaanza kuvuta pumzi fupi fupi, akagonga paa la mbele, dereva akasimama. Baba akashuka akashika magoti yake kando ya barabara. Nilishuka nyuma yake, moyo wangu nao umeanza ngoma yake, nikijua sasa tutarudi Kasulu kwa miguu. Juu kulikuwa na abiria kama kumi. Nilijiandaa kugombana na wa kwanza atakayesema neno. Mimi nikigombana hugombana.

Hakusema mtu. Mmoja alichukua nafasi hiyo kwenda kujisaidia, wengine wakanyoosha miguu, mama mmoja akamenya kiazi akampa mtoto. Dereva akafungua boneti akajifanya anatazama injini. Baba aliposimama wima, dereva akafunga boneti na kusema, "Haya, imepoa, twende." Sijui alisema injini au nani. Tukapanda.

Jumapili, nyumbani kwa mama mdogo, watu walikuwa wengi kuliko kwetu. Sehemu ya mwisho ya mchezo ilikuwa fupi, na wengi iliwaudhi. Walitaka mganga atokee, au jini litajwe jina likimbie, au yule mtu aamke siku moja mzima. Badala yake mkewe alimwambia chumvi imekwisha. Ngoma ikaanza. Akavaa viatu. Ngoma ikazidi. Tukamsikia anafunga kufuli, hatua kumi, anasimama, na sote tukasubiri arudi alitikise. Hakurudi. Hatua zikaendelea na ngoma ikaendelea nazo, mpaka tukamsikia anasema dukani, "Nipe chumvi." Basi, mchezo ukaisha.

"Hakupona!" mume wa mama mdogo akasema, amekasirika kama mtu aliyepunjwa. "Miezi yote hii tunamsikiliza, na ngoma bado inalia!"

Baba alikuwa anacheka. Nilikuwa sijamsikia akicheka tangu nina miaka kumi na tano. "Hajapona, shemeji," akasema, "lakini chumvi kanunua."

Wakati wa kurudi, mlimani aligonga paa tena, akashuka, akashika magoti, akapanda. Karibu na Kasulu akaniambia, "Mimi nilikuwa nangoja inyamaze kwanza. Nikasema ikinyamaza nitakwenda msikitini. Ikinyamaza nitamwoza mwanangu." Akapangusa vumbi usoni. "Huenda hainyamazi."

Nilimuuliza, maana mimi siwezi kukaa na swali, "Kwa hiyo utasimama?"

"Usinifunge kwa maneno," akasema. "Nitajaribu."

Hayawi hayawi, huwa. Maharage yalivunwa, siku ikafika. Ndoa ilifungwa nyumbani kwetu, wanaume wameketi kwenye mikeka uwanjani, na majirani zetu Waha, Wakristo kwa Waislamu, wamejaa hadi barabarani. Mimi nilikuwa chumbani na mama na mashangazi, sikio nimelibandika ukutani mpaka hina ya viganja ikaacha alama kwenye chokaa. Baba aliingia kuniuliza kama nimeridhia, kama inavyopasa. Kanzu yake ilikuwa imeshalowa mgongoni. Nikasema nimeridhia. Akatoka. Baba mdogo alikuwa amekaa ubavuni mwake, kanzu mpya, tayari kwa lolote.

Nilimsikia sheikh akimaliza hotuba, kisha akamwambia baba amshike mkono bwana harusi na kutamka.  Nikasikia baba anasema, "Nime..." na ikakatika. Kimya kirefu mno. Mtu akakohoa. Sheikh akasema kwa upole, "Unaweza kumpa uwakala ndugu yako, si vibaya." Mama alinishika mkono akaubana, na mimi niliomba, sijui niliomba nini.

"Nisubirini," baba akasema. "Ndugu zangu, mimi moyo wangu unanisumbua mbele za watu. Si kwamba sitaki. Nisubirini kidogo."

Miaka miwili ya kutafuta kofia iliyo kichwani, na sasa kalisema mwenyewe, mchana kweupe, mbele ya mji. Nilifumba macho.

Kisha nikasikia kitu nje, laini, nikadhani mvua. Yalikuwa makofi. Si ya kushangilia. Waha wanaposalimiana na mtu wanayemheshimu, hupiga viganja pole pole huku wakimsikiliza, na hawaachi mpaka mwenzao amalize habari zake zote, hata zikiwa ndefu za kutoka kijiji cha pili. Hiyo ndiyo adabu yao. Sasa wazee wale walikuwa wanampigia baba, pole pole, kana kwamba amekwisha anza kusema na kilichobaki ni wao kusikiliza. Kwenye ndoa ya Kiislamu haina mahali, lakini sheikh hakuwakataza.

Ndani ya makofi yale, baba akasema. Alisema nimekuozesha binti yangu, akanitaja, akataja mahari tuliyokubaliana, hakuruka neno. Sauti ilikuwa ndogo. Ningekuwa mbali na ukuta kwa shubiri moja nisingeisikia. Bwana harusi akajibu amekubali, na vigelegele vya mashangazi vikafunika yote.

Baadaye aliingia chumbani kabla ya mtu mwingine yeyote, kofia mkononi. Nilikuwa nimejiapiza sitalia nikaharibu wanja, na tayari ulikuwa umefika kidevuni.

"Ulinisikia?" akaniuliza.

"Nilikusikia, baba."

"Nilisema kwa sauti?"

"Mpaka sokoni wamesikia," nikamwambia. Ulikuwa uongo mtupu, na mpaka leo sijautubia.